Dereva Aliyefichwa Ndani ya Kiti

Mwaka 1968 kampuni ya Disney ilitoa filamu ya The Love Bug, iliyoongozwa na Robert Stevenson. Mhusika wake mkuu ni Herbie, Volkswagen Beetle nyeupe yenye namba 53, gari lenye hisia zake na linalojiendesha likipenda. Watazamaji waliona usukani ukizunguka na kiti cha mbele kikiwa kitupu. Hawakumwona mtu aliyejikunyata kiti cha nyuma. Mojawapo ya magari ya filamu hiyo lilifungwa vifaa vya kuendeshea huko nyuma, na dereva akaliongoza akiwa amejiinamia ili kamera isimnase.

Mwaka 1982 mbinu hiyo iliingia kwenye televisheni kupitia mfululizo wa Knight Rider. KITT, gari jeusi aina ya Pontiac Trans Am lenye taa nyekundu inayokimbia huku na huko puani, liliongea na kwenda lilikotaka. Safari hii dereva alivikwa kiti chenyewe: aliketi chini sana, kiti cha bandia kikamfunika. Mtu huyo alipaswa kukata kona kwa kasi bila hata kichwa kuonekana. Gari lililosifiwa kwa kutohitaji dereva lilihitaji dereva hodari kuliko wengi.

Mwaka 1990 mwongozaji Paul Verhoeven, katika filamu ya Total Recall, aliamua kutokiacha kiti kitupu. Teksi zake zinaendeshwa na Johnny Cab, kikaragosi cha mitambo chenye kofia na sare, kinachogeuza kichwa na kumchangamkia abiria kwa sauti ya mwigizaji Robert Picardo. Arnold Schwarzenegger anaingia akikimbizwa na maadui, kikaragosi kinang'ang'ania kumuuliza anakwenda wapi, naye anaking'oa na kuliendesha gari mwenyewe. Tukio hilo dogo linaonyesha hofu ya kweli: mashine yenye adabu zote, isiyojua maana ya dharura.

Kompyuta zilipokomaa, hofu hiyo ikapanuka. Steven Spielberg alipokuwa akiandaa Minority Report, filamu ya mwaka 2002 inayosimulia Washington ya mwaka 2054, aliwakutanisha wataalamu wamchoree maisha ya miaka hiyo. Harald Belker alibuni magari. Wasanii wa kampuni ya ILM wakayachora kwa kompyuta yakiteremka wima kwenye kuta za majengo. Tom Cruise, akiigiza ofisa anayetoroka, anagundua kwamba gari lake limegeuzwa na linamrudisha ofisini. Hakuna usukani wa kung'ang'ania. Inambidi avunje dirisha na kuruka kutoka gari hadi gari.

Nje ya sinema, kiti kikaja kuwa kitupu kweli. Mwaka 2005 gari la Chuo Kikuu cha Stanford, Stanley, lilimaliza takriban kilomita 212 za jangwani bila dereva na kushinda mashindano ya DARPA, shirika la utafiti la Wizara ya Ulinzi ya Marekani. Mwaka 2020 kampuni ya Waymo ilifungulia umma wa eneo la Phoenix, Marekani, teksi zisizo na mtu usukanini.

Mafundi wa filamu walitangulia kulijua jambo hili kwa mikono yao: nyuma ya kila kiti kitupu kuna watu walioamua gari liende wapi na lisimame lini. Abiria wa leo ana haki ya kuwajua watu hao, na kuwauliza nani atawajibika gari likikosea.