Kisu na Mlima: Tohara ya Wakonzo wa Kasese

Jamii nyingi za Afrika ziliandika historia yao mwilini kabla ya kuiandika kitabuni. Insha hii inajadili tohara ya Wakonzo wa milima ya Ruwenzori, iitwayo olusumba, na inauliza: je, kijana aligeuzwa na kisu, au na kile kilichokizunguka kisu?

Olusumba haikufanywa kila mwaka. Miaka 15 au zaidi iliweza kupita kabla ya nyingine, hivyo mtoto mdogo na kijana wa kuoa walitahiriwa katika kundi moja. Waamba wa Bundibugyo nao waliishiriki. Maumivu yalikuwa ya mtu mmoja, lakini mabadiliko yalikuwa ya rika zima.

Baada ya Mkataba wa Tooro wa 1900, Wakonzo waliwekwa chini ya ufalme wa Watooro, watu wasiotahiri. Hapo kovu lilipata maana ya pili: lilionyesha nani ni wa mlimani. Mwaka 1921 viongozi wao Nyamutswa, Tibamwenda na Kapoli walinyongwa. Tarehe 30 Juni 1962 Isaya Mukirane alitangaza Rwenzururu. Sidai kwamba tohara ilizaa uasi. Kodi, ardhi na dharau vilitosha. Nadai tu kwamba watu waliokwisha kujitambua kwa rika na kwa mwili hawakusubiri serikali iwaambie wao ni nani.

Mwaka 2007 Shirika la Afya Duniani lilipendekeza tohara dhidi ya VVU, baada ya majaribio, yakiwemo ya Rakai na Kisumu, kuonyesha kuwa hupunguza hatari ya mwanamume kuambukizwa kwa takriban asilimia 60. Mimi mwenyewe nilitahiriwa zahanati, kwa ganzi, nikarudi nyumbani Bwera kabla ya chakula cha mchana. Babu aliniuliza swali moja tu: "Wenzako ni akina nani?" Sikuwa na jibu.

Wapo wanaoona kwamba mila imekufa na afya imeshinda. Sikubaliani nao kabisa. Kisu kilichopita kwa wengi kiliweza kueneza maradhi, na hakuna wa kukililia. Lakini zahanati hubadilisha mwili tu. Kazi ya kumpa kijana wenzake, wajibu na jina bado ni yetu, na mpaka sasa hatujaipa mahali pengine.