Kijiji cha Watu wa Mbweni Kilichomezwa na Masasi

Masasi ya leo ni mji wa njia panda. Barabara za Mtwara, Tunduru, Newala na Nachingwea hukutana hapo, na juu ya mapaa ya bati husimama milima ya mawe. Mgeni hawezi kujua kwamba ndani yake kimezama kijiji kilichoanzishwa na watu waliotoka Unguja.

Mwezi wa Oktoba 1876 Askofu Edward Steere wa UMCA, yule ambaye wasomaji wa Kiswahili humkumbuka kwa sarufi yake na kwa hadithi za Unguja alizozikusanya, aliondoka kisiwani na kundi la watumwa walioachwa huru. Walikuwa watu wazima waliookolewa na manowari za Waingereza kutoka majahazini, wakatunzwa Mbweni. Soko la watumwa la Unguja lilikwisha kufungwa mwaka 1873, lakini kufungwa kwa soko hakukumrudisha mtu kwao. Walishukia Lindi, wakashika njia ya bara kuelekea Ziwa Nyasa. Hawakufika huko. Walipoiona milima ya Masasi na ardhi yake nzuri, wakijiona wamekwisha karibia makwao, walikataa kwenda mbele, naye Steere akaridhia. Historia za misheni humtaja yeye kuwa ndiye mwanzilishi. Ingekuwa haki zaidi kuwataja hao waliokataa.

Kijiji kilidumu miaka sita tu. Septemba 1882, wiki chache baada ya Steere kufariki Unguja, Wamagwangwara, yaani Wangoni wa upande wa Songea, walikishambulia. Wengine waliuawa, wengine wakachukuliwa mateka: watu waliokwisha kutekwa mara moja, wakatekwa tena. Chauncy Maples akaihamishia misheni Newala, kwa Matola, mkuu wa Wayao, juu ya uwanda wa Makonde. Huko palikuwa na usalama, ila maji yalipatikana mbali, chini ya mteremko.

Misheni ilirudi Masasi baadaye, ikachomwa moto katika vita vya Maji Maji mwaka 1905, ikajengwa upya. Mwaka 1926 Masasi ikawa dayosisi chini ya Askofu Vincent Lucas, aliyejulikana kwa kulifanya jando liwe la Kikristo. Hayo yameandikwa sana. Jambo lisiloandikwa sana ni namna wale wa Mbweni walivyopotelea katika watu.

Kwa Wayao, Wamakua na Wamakonde, mtoto hufuata ukoo wa mama. Mwanamume wa Mbweni aliyeoa binti wa wenyeji alipata watoto wenye ukoo kamili, wenye wajomba wa kuwasimamia. Katika kizazi kimoja asili ya baba ilikuwa imekwisha funikwa. Mwanamke wa Mbweni hakuwa na njia hiyo. Yeye, aliyenyakuliwa mdogo asiwajue ndugu za mama yake, hakuwa na ukoo wa kuwarithisha wanawe, na kila walipoulizwa mjomba wao ni nani, utumwa wa mama ulitajwa upya. Uhuru alioandikiwa Unguja haukuwa na jibu la swali hilo.

Kanisa kuu sasa lipo Mtandi, chini ya mlima, na hospitali ya mji inaitwa Mkomaindo, kwa jina la mlima mwingine. Nyumba za mji zimekwisha kuizunguka misheni pande zote.