Shamba la Ukoo kwa Shilingi 300,000

Agosti 1988, huko Muleba mkoani Kagera, mwanamke aliyerithi shamba kwa wosia wa baba yake aliliuza kwa mtu asiye wa ukoo. Mpwa wake akaenda Mahakama ya Mwanzo. Mila za Wahaya, zilizoandikwa rasmi na serikali mwaka 1963, zilimruhusu mwanamke kulitumia shamba la ukoo, si kuliuza. Mpwa akashinda. Mahakama ya Wilaya ikatengua.

Jalada lilipofika Mahakama Kuu Mwanza, Jaji Mwalusanya alikuwa na kitu kipya mkononi. Haki za binadamu ziliingizwa kwenye Katiba mwaka 1984, ila serikali ilijipa miaka mitatu (ya kujipanga, tuseme) kabla ya mtu kuweza kuzidai kortini. Mlango ulifunguliwa Machi 1988, miezi mitano tu kabla ya shamba kuuzwa. Februari 1990 akaamua: mwanamke ana haki ya kuuza sawa na mwanamume.

Wengi huishia hapo. Mimi huvutiwa zaidi na amri iliyofuata: mpwa akilitaka shamba, alikomboe kwa mnunuzi kwa shilingi 300,000 zilezile. Ndivyo ambavyo ukoo ungefanya kama muuzaji angekuwa mwanamume.