Nyota ya Eärendil na Kiti cha Enzi cha Númenor

Ni nadra kukuta dola isiyodai kwamba mbingu iliibariki siku ya kuzaliwa kwake. Nyota yenye mkia ilipoonekana juu ya Roma mwaka 44 KK, miezi michache baada ya Julius Caesar kuuawa, watu wengi waliamini kuwa ni roho yake iliyopaa kwa miungu, na Augustus, mrithi wake, aliichapa kwenye sarafu. Lakini mfano ninaoupenda zaidi kuufundishia uhusiano wa nyota na utawala hauko katika historia ya Roma. Uko katika dunia ya kubuni, na kwa sababu ni ya kubuni, hatua zake zote zinaonekana wazi.

Septemba 1914, wiki chache baada ya Uingereza kuingia vitani, kijana wa miaka 22, J.R.R. Tolkien, mzaliwa wa Bloemfontein, Afrika Kusini, aliandika shairi kuhusu baharia anayesafiri angani. Jina la baharia huyo alikuwa amelikuta katika utenzi wa kidini wa Kiingereza cha kale, ambamo linaonekana kumaanisha mwali wa mwanga au nyota ya alfajiri. Maana hiyo haikumtosha, alitaka kisa. Kisa hicho alikiandika na kukiandika upya kwa miongo kadhaa, na umbo lake lililokamilika zaidi lilichapishwa mwaka 1977 katika The Silmarillion, miaka minne baada ya kufa kwake.

Eärendil ni mwana wa baba binadamu na mama Mwelfi. Vita vinapokuwa vimewaangamiza watu wa pande zake zote mbili, anavuka bahari iliyokatazwa kwenda kuwaomba Valar, wakuu wanaoilinda dunia, wazihurumie jamii zote mbili. Ombi linakubaliwa. Merikebu yake inapandishwa angani, naye anasafiri akiwa na kito kinachong'aa katika paji la uso. Waliobaki chini wanakiona kitu kipya upande wa magharibi na kukiita Gil-Estel, Nyota ya Tumaini. Tolkien alikusudia iwe ndiyo ile ile tunayoiita Zuhura, ambayo wanaastronomia watatukumbusha kuwa ni sayari.

Naomba msomaji azingatie jambo moja: nyota hii ilianza kama jibu la ombi la mjumbe aliyewasemea watu wasio na msemaji. Haikuwa mali ya ukoo wowote.

Mabadiliko yanaanza mapema. Binadamu waliopigana upande wa Waelfi wanapewa zawadi ya kisiwa, nao wanakifikia mwaka 32 wa Zama za Pili kwa kuifuata nyota hiyo. Kisiwa chenyewe kina pembe tano kama nyota, na jina lake mojawapo, Elenna, linaelekeza upande wa nyota. Mfalme wao wa kwanza ni Elros, mwana wa Eärendil mwenyewe. Hapo ndipo tumaini la wote linapogeuka kuwa nasaba ya wachache. Anayeketi kitini anaweza kunyoosha kidole angani na kusema: yule ni babu yangu. Upinzani gani utasimama mbele ya hoja hiyo?

Kwa karne nyingi merikebu za Númenor zilizofika pwani za Dunia ya Kati zilileta nafaka, divai na maarifa. Baadaye wageni wale wale walirudi kama mabwana na wakusanya kodi. Katika Unfinished Tales, kitabu kilichotolewa mwaka 1980, tunasoma jinsi misitu ya pande zote mbili za mto Gwathló ilivyofyekwa kwa ajili ya kujenga merikebu, mpaka wenyeji wakawageukia wageni na kuwavizia porini. Tolkien alianza kukiandika kisa cha Númenor katika miaka ya 1930, wakati Tanganyika ikitawaliwa na Waingereza. Sidai kuwa alituwazia sisi. Nasema tu kwamba msomaji wa huku hahitaji kuelezwa maana ya ukurasa huo. Kinachonikera ni kwamba wenyeji hao hawana majina wala sauti. Masimulizi yote ni ya waliokuja na nyota.

Sehemu yenye utajiri mkubwa kwa mwanafunzi wa siasa ni ile ya lugha. Mwaka 2899 anatawazwa mfalme wa kwanza kujipa jina la utawala kwa lugha ya wenyeji wa kisiwa, Ar-Adûnakhôr, maana yake Bwana wa Magharibi. Katika enzi yake kufundisha lugha za Waelfi kunapigwa marufuku, na wachache wanaozihifadhi wanafanya hivyo kwa siri. Mtu angeweza kuisifu sera hiyo kama ukombozi wa lugha ya nyumbani, lakini shabaha yake ilikuwa kuwatambua na kuwanyamazisha wasioafiki. Na tazama woga wa dola: jina la mfalme huyo huyo liliandikwa pia katika Hati ya Wafalme kwa lugha ile iliyokatazwa, Tar-Herunúmen, kwa kuwa walihofia kwamba kuivunja desturi ya kale kungeleta balaa. Waliupiga vita urithi wa nyota huku wakiuhitaji kwa ajili ya uhalali wao. Mwaka 3319 kisiwa kilizama baharini, baada ya mfalme wa mwisho kupeleka jeshi kuwashambulia wale wale waliokitoa.

Katika The Lord of the Rings Tolkien anamrudisha mfalme wa ukoo huo akiwa na nyota kwenye paji la uso, na hapo mimi na yeye tunaachana. Simwoni Aragorn kama suluhisho la tatizo ambalo nasaba yake ndiyo iliyolileta. Hata hivyo, mwandishi ameweka njia nyingine katika kitabu hicho hicho. Galadriel, bibi mkuu wa Waelfi, anaukusanya mwanga wa nyota ya Eärendil ndani ya kichupa, na hampi mrithi wa kiti. Anampa Frodo, mtu mfupi wa taifa lisilohesabiwa na wakubwa. Frodo anapoanguka, anayekiinua kichupa hicho mbele ya walinzi wa mawe katika lango la mnara wa Cirith Ungol ni Sam, mtunza bustani wake.