Mkate Usio na Ngano

Mpenzi msomaji, bila shaka umepata kuhudhuria karamu ya jamaa. Jamvi limetandikwa, wazee wameketi, watoto wamenawa mikono, na sinia ya keki na mahamri yapitishwa kutoka kwa huyu hata kwa yule. Sasa fikiri kwamba kando yako ameketi mtoto ambaye sinia hiyo humpita. Hakukosa adabu, wala hana kiburi. Ana maradhi ya tumbo, na ngano kidogo tu yatosha kumdhuru. Upande wa pili yuko shangazi aliyeazimia kutokula kitu chochote kitokacho kwa mnyama, ikiwa ni nyama au samaki, maziwa au mayai. Watu hawa wawili wamo karamuni, lakini hawamo katika chakula. Je, mwenyeji afanyeje?

Siku hizi jibu hutafutwa mbali. Madukani mijini huuzwa unga wa namna namna, tena kwa bei kubwa, na wengi hudhani kuwa mkate usio na ngano, maziwa wala mayai ni jambo jipya lililobuniwa ng'ambo. Insha hii yakusudia kukuonyesha kwamba mahitaji hayo yamepewa majina mapya, lakini mkate wenyewe ni wa kale, na katika pwani yetu umeliwa tangu zamani.

Na tuanze na maradhi. Mwaka 1888 daktari mmoja wa London, Samuel Gee, aliandika habari za watoto waliokonda na kuharisha ingawa walilishwa. Alisema kwamba ikiwa mgonjwa wa namna hii aweza kuponywa, ataponywa kwa chakula. Lakini chakula kipi kilichomdhuru? Hilo halikujulikana. Jibu lilitoka Uholanzi, kwa daktari wa watoto aliyeitwa Willem Dicke. Katika miaka ya 1930 aliwaondolea ngano baadhi ya watoto waliougua hivyo, akaona wanapata nafuu. Kisha, Vita Kuu ya Pili ilipokuwa ikiendelea, njaa kali iliikumba nchi yake katika majira ya baridi ya 1944 na 1945. Mkate uliadimika hata watu wakala vitunguu vya maua. Mashaka yale yalizidi kumthibitishia Dicke jambo alilokuwa amekwisha kuliona. Mwaka 1950 alitoa utafiti wake katika Chuo Kikuu cha Utrecht, na ngano ikajulikana kuwa ndiyo adui. Leo twajua kwamba kinachowadhuru wagonjwa hao ni gluteni, yaani ule ulimbo uliomo katika ngano, shayiri na rai.

Katika majira hayo hayo, mwezi wa Novemba 1944, Donald Watson na wenzake wachache waliunda chama katika Uingereza. Walikuwa watu walioacha kula nyama, maziwa na mayai kwa sababu hawakutaka mnyama ateseke kwa ajili yao, nao wakajipa jina la vegan. Basi twaona njia mbili: mmoja aliacha ngano kwa amri ya mwili, mwingine akaacha maziwa na mayai kwa amri ya dhamiri. Kwa kuwa mikate ya Ulaya ilisimama juu ya ngano, siagi na mayai, wapishi wa huko iliwapasa kuanza kujifunza upya.

Lakini pwani ya Afrika Mashariki mambo yalikuwa mbali na hayo. Ngano hupenda baridi, wala joto na unyevu wa pwani hauifai. Watu wa kale walikula walichoweza kupanda. Wanaakiolojia waliochimba kisiwani Pemba waligundua kwamba katika mji wa Tumbe, uliokaliwa kati ya karne ya 7 na ya 10, nafaka kubwa ilikuwa uwele. Katika mji wa Chwaka, uliostawi baadaye katika kisiwa hicho hicho, mchele ulikuwa umeupita uwele. Mpunga huo asili yake ni Asia, na mnazi vivyo hivyo ulivuka Bahari ya Hindi kabla ya kuota kwetu. Ibn Battuta alipofika Mombasa mwaka 1331 aliona kuwa nafaka ililetwa kisiwani kutoka kwingine, na kwamba chakula cha wenyeji kilikuwa ndizi na samaki. Kwa hiyo mchele ulikuwa na thamani, na haikuwa ajabu ukatengwa kwa siku ya karamu.

Sasa angalia jinsi mchele huo unavyofanywa mkate. Hulowekwa usiku kucha, ukatwangwa na kuchungwa. Nazi hukunwa kwa mbuzi na kukamuliwa hata litoke tui zito. Unga, tui, sukari na iliki huchanganywa, kisha hutiwa chachu. Wa zamani walitumia tembo la mnazi, wa leo hutumia hamira. Rojo huachwa liumuke. Likimiminwa kwa upawa kikaangoni, hutoka vibibi; likimiminwa ndani ya sufuria na kupaliwa makaa juu na chini, huwa mkate wa kumimina.

Jina hilo lina elimu ndani yake. Katika unga wa ngano, gluteni hufanya kama wavu unaovutika, nao huzuia pumzi ya hamira isitoroke. Ndiyo sababu ngano yaweza kukandwa na kusukumwa. Mchele hauna wavu huo. Ukiukanda kama ngano utavunjika mikononi. Lazima uwe rojo zito, litakaloshika mapovu mpaka moto uligandishe. Mama zetu hawakulijua neno gluteni, lakini mikono yao ilijua kwamba mkate huu haukandwi, bali humiminwa.

Kwa nini basi tumeusahau? Mwanzoni mwa karne ya 20 walowezi walianza kilimo cha ngano katika nyanda za juu za Kenya. Lord Delamere aliijaribu huko Njoro, akapata hasara kubwa kwa maradhi ya kutu, lakini hakukata tamaa. Na mwaka 1908 ikaanzishwa kampuni ya Unga. Mkate wa ngano ukaenea pamoja na chai, ukawa alama ya cheo na ustaarabu. Mikate ya mchele na ya mtama, kama vile mofa, ikaanza kudhaniwa kuwa ya wazee, au ya kungojewa mwezi wa Ramadhani.

Usinielewe vibaya, msomaji. Sisemi kwamba ngano ni mbaya. Walio wengi huila bila madhara. Wala usidhani kwamba kila cha kale chamfaa kila mtu. Mahamri na chapati ni vya ngano, na wapishi wengine hutia ute wa yai katika mkate wa kumimina. Unga wa mchele uliosagwa katika mashine iliyotoka kusaga ngano waweza kumdhuru mgonjwa, hata chekeche lenye vumbi la ngano laweza. Kwa hiyo mwenyeji mwema huuliza kwanza, husafisha vyombo, ndipo hupika.

Utakaporudi kwenu likizo, keti na bibi yako umwulize karamu za utoto wake zilikuwa na mikate gani. Ikiwa kwenu ni bara, atakutajia mtama na wimbi, ambazo nazo hazina gluteni. Andika maneno yake, maana yeye ni kitabu ambacho hakijapigwa chapa. Kisha siku ya karamu ipike mikate hiyo, uiweke katikati ya jamvi, wala usiitenge pembeni kama chakula cha wagonjwa. Mtoto yule atanyosha mkono pamoja na wenziwe, na shangazi hataombwa kueleza sababu zake. Wahenga walisema: kizuri kula na nduguyo. Nasi tukumbuke kwamba hatujala na ndugu yetu ikiwa tumemketisha tu, naye akitutazama tukila.