Silmaril: Historia ya Kito Kisicho na Kazi

Msomaji aliyekulia kwenye Alfu Lela Ulela anajua kwamba kitu cha ajabu ni cha kutumwa. Taa husuguliwa, pete nayo husuguliwa, na jini hutokea kuuliza bwana anataka nini. Vito vitatu vya Silmaril, alivyovibuni mwandishi wa Kiingereza J.R.R. Tolkien, vinamtatiza msomaji huyo. Kwa sura ni ndugu wa mawe yote ya ajabu: vinang'aa kama bilauri ya almasi, havivunjiki, na ndani yake fundi Fëanor amehifadhi nuru ya Miti Miwili iliyoangaza nchi ya Valinor kabla ya kuwapo jua na mwezi. Ila ukiuliza vinamfanyia mwenyewe kazi gani, hupati jibu. Haviponyi, havitabiri, havimpi mtu ushindi vitani. Wapo wanaouona huo kuwa udhaifu wa hadithi. Mimi naona ndipo ulipo ustadi wake, na kwamba Tolkien hakuufikia kwa siku moja.

Tuanze na Kalevala, utenzi wa Wafini uliokusanywa na Elias Lönnrot na kuchapishwa mwaka 1835, kisha ukapanuliwa mwaka 1849. Tolkien, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892 na kupelekwa Uingereza akiwa mtoto mdogo, aliusoma tangu ujana wake na ukamwingia. Humo mna Sampo, kinu kilichofuliwa na mhunzi Ilmarinen kwa ajili ya kupewa mke. Kinafungiwa ndani ya mwamba, kinaibwa, kinagombaniwa, na mwisho kinavunjika na kutumbukia baharini. Wahakiki wamekilinganisha mara nyingi na Silmaril, na mfanano hauhitaji kutafutwa kwa taa: fundi yupo, posa ipo, wizi upo, hata bahari ipo. Lakini Sampo ni kinu. Upande mmoja kinasaga unga, mwingine chumvi, mwingine fedha. Anayekigombania anagombania chakula na mali, na hakuna haja ya kumweleza mtu kwa nini. Ikiwa kweli Tolkien alichota hapo, basi alichukua karibu kila kitu akaacha kusaga.

Rasimu zake nazo zinaonyesha safari hiyo. Katika hadithi alizoanza kuziandika wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, zilizochapishwa mwaka 1983 na 1984, baada ya kifo chake, Silmaril ni vito bora miongoni mwa vito vingi, na habari za namna vilivyotengenezwa zimeelezwa kwa raha ya sonara. Uzito ulikuja baadaye. Kiapo cha Fëanor na wanawe saba, cha kumwandama yeyote atakayevishika, kikawa mhimili wa mkasa wote, na kufikia mwaka 1937, alipompelekea mchapishaji maandishi yake, vito hivyo vilikuwa vimeipa kazi nzima jina. Mchapishaji alitaka mwendelezo wa kitabu chake The Hobbit, na maandishi yakarudi kwenye mtoto wa meza.

Tukio linalonishawishi zaidi limo katika kitabu kilichotokana na maandishi hayo, kilichotoka mwaka 1977. Miti Miwili imeuawa. Yavanna, aliyeiotesha, anasema kwamba nuru iliyomo ndani ya Silmaril ingeweza kuihuisha, lakini itabidi fundi mwenyewe avipasue vito. Fëanor anakataa. Muda si muda inafika habari kwamba adui yao Melkor amekwisha kumuua Finwë, babake Fëanor, na kutoroka na vito vyote vitatu. Tazama mwandishi alivyopanga: kazi pekee ambayo vito hivi viliombwa kuifanya ilitaka viangamie, na hata hiyo haikufanyika. Baada ya hapo vinabaki kuwa vitu vya kutamaniwa tu. Mfalme Thingol anakitaja kimoja kuwa mahari ya binti yake Lúthien, naye hataki kito. Anataka mchumba, Beren, afe njiani. Beren anarudi bila mkono, na baadaye kito kinamfikia mfalme kweli. Hapo ndipo moyo wake unapogeuka. Anataka kitiwe kwenye mkufu, na mafundi wa Nogrod walioifanya kazi hiyo wanamuua kwa tamaa ileile. Mahari za kwetu zina ng'ombe wa kukamwa au fedha ya kuanzia maisha. Hii ilileta jeneza.

Yupo atakayesema nimekaza mno. Silmaril zilimuunguza Melkor mikono, na moja ilimfungulia baharia Eärendil njia ya baharini hadi Valinor. Nuru yake, ikiwa ndani ya kichupa cha Galadriel, ilimwokoa Frodo, wa kisa kingine cha Tolkien, katika pango la buibui Shelob. Ni kweli, lakini kuunguza ni kukataa kushikwa, si kumtumikia mtu. Kichupa nacho ni zawadi iliyotolewa bila kudaiwa, na kilichomo ni nuru ya nyota tu. Kito chenyewe kiko juu angani. Hoja nzito zaidi ni kwamba hii ni Pete ya Sauron, ya kisa hichohicho, kwa sura nyingine. Hapana. Pete ilifuliwa kwa nia mbaya na inamharibu aliyeivaa. Silmaril zilibarikiwa na Varda mwenyewe, wala hazimdanganyi mtu. Waliouana mara tatu katika kuzisaka, ndugu kwa ndugu, hawana kitu cha kukilaumu isipokuwa kiapo chao.

Warithi wa Tolkien wameirudisha bilauri kazini. Katika Star Wars fuwele za kyber zinawasha panga za nuru na kuendesha silaha iangamizayo sayari. Katika mchezo wa Final Fantasy wa mwaka 1987 fuwele nne zinashikilia upepo, maji, moto na ardhi. Ni Sampo tena, zimerudi kusaga.

Tolkien alifariki mwaka 1973 bila kukiona kitabu kile cha mwaka 1977; mwanawe Christopher ndiye aliyekihariri. Katika kurasa zake Silmaril moja inazunguka angani kama nyota ya asubuhi na jioni, ya pili iko ndani ya shimo la moto alimojitosa Maedhros, mwana wa Fëanor, na ya tatu nduguye Maglor aliitupa baharini.