Picha za Kingolwira na Amri ya Nane

Makala hii yakusudia kuchunguza namna wasanii wanavyozitumia upya filamu za zamani, na swali ambalo kazi hiyo yaliletea Kanisa.

Mwaka 1935 Baraza la Kimataifa la Misioni, kwa fedha za Shirika la Carnegie la Marekani, lilianzisha huko Vugiri, Usambara, jaribio la kutengeneza filamu za kuwaelimisha Waafrika. Chini ya Meja L. A. Notcutt zilitengenezwa filamu zipatazo 35 kabla ya jaribio kukoma mwaka 1937. Nyingi zimepotea. Miongoni mwa chache zilizohifadhiwa Uingereza imo ile ya 1936 kuhusu mashamba ya wakulima wa Kingolwira, karibu na Morogoro.

Twaona hapa jambo la kuzingatia. Picha zilikuwa katika ukanda, bali maneno yalitoka katika santuri iliyopigwa kando, ili picha ile ile isemeshwe kwa lugha mbalimbali. Kwa hiyo aliyeonekana hakulazimika kuwa ndiye anayesikika.

Mwaka huo huo wa 1936, huko New York, Joseph Cornell aliikatakata filamu ya Hollywood, akaondoa mazungumzo yake, akaionyesha polepole kwa rangi ya buluu pamoja na muziki wa santuri. Nusu karne baadaye, mwaka 1986, Yervant Gianikian na Angela Ricci Lucchi wa Italia walizipiga upya picha za Luca Comerio, wakazipunguza mwendo, hata nyuso zilizopita upesi zikapata kutazamwa.

Njia hiyo yaweza kutumika kwa picha za Kingolwira pia. Lakini amri ya nane yatukataza kumshuhudia jirani uongo, na jirani huyo ni mkulima aliyepigwa picha, na vilevile mmisionari aliyeagiza filamu. Msanii anayemvisha mkulima maneno mapya ya hasira arudia kosa la santuri: amsemea tena.

Basi, yeyote atakayezitumia picha hizo na azionyeshe kwanza kwa wazee wa Kingolwira, na wa vijiji vingine vya mkoa huo hata Turiani, chini ya milima ya Nguru. Wazitaje kazi, zana na mahali, kwa maneno yao wenyewe. Nasi wachungaji, ambao misioni zetu zilikuwa na sehemu katika kuagiza filamu hizo, yatupasa kuketi pamoja nao na kusikiliza.